Trekta Lililogeuka Bila Kuambiwa

Mume wangu mdogo, Wambura,

Anayeandika ni shangazi yako, amekuja kutoka Butiama kunisalimia. Maneno ni yangu. Nimemwambia akilainisha hata moja, ugali hali.

Ile video yako tumeiona. Tulikuwa uani, mimi na jirani yetu Mama Nyangeta, tunapukuchua mahindi. Shangazi yako akatushikia simu. Tukaona shamba refu, jeusi, halina hata jiwe. Tukaona trekta linalima. Nikasema, "Mbona dereva simwoni?"

"Mama, halina dereva."

Nikadhani ananitania. Likaenda mpaka mwisho wa shamba, likasimama kidogo kama mtu anayesikiliza, halafu likageuka. Lenyewe. Hakuna aliyeliambia.

Mama Nyangeta akaweka gunzi chini. "Anayelima yupo," akasema, "ila sisi hatuonyeshwi. Huo ni msukule."

Nikamwambia afunge mdomo, wazungu hawana misukule. Akanijibu, "Haya. Na Wambura, sauti yake umeisikia lini?"

Hapo nikaanza kuhesabu miezi kwa punje za mahindi. Msukule tunaambiwaga ni mtu uliyemlilia, ukamzika, kumbe kafichwa mahali analimishwa, na ulimi wamemkata asitaje jina lake. Na wewe tangu mavuno yaliyopita unatuma picha tu. Picha ya ng'ombe. Picha ya theluji. Picha yako na ovaroli, umesimama kama nguzo, hucheki. Picha haina ulimi, mjukuu wangu.

Unakumbuka ulivyokuwa unatangulia mbele ya maksai? Polisi kushoto, Sukari kulia, wewe umeshika kamba, babu yako nyuma kwenye plau, na mimi nyuma yake nadondosha mbegu za pamba. Tukifika mwisho wa shamba alikuwaga anapiga kelele utadhani anataka asikike mpaka kijiji cha Mugeta: "Rudi, Polisi! Rudi!" Ng'ombe wanageuka. Na ukichelewa kwenye mpira wako, alikuwaga anakuita hivyohivyo, "Rudi, Polisi!" Unakuja mbio, umeinamisha kichwa, unalia kama ng'ombe. Nilikuwaga nacheka mpaka mbegu zinamwagika.

Jina lake alikupa wewe, ndiyo maana nakuita mume. Tulipomzika pale kwenye kona, pale maksai wanapogeukia, watu walinisema kwamba silii vya kutosha. Nilie nini? Wambura mwingine si alikuwa amesimama hapo kando yangu?

Zamani, ulipokuwa bado unapiga simu, ulinisimulia habari za mzee wako wa huko Finland, mwenye shamba unalofanyia kazi. Ulisema mama yake alikata majani ya ng'ombe kwa mkono, na baba yake alilima kwa farasi, na kijiji kilikuwa na nyumba nyingi, na shule. Yakaja matrekta. Jirani mmoja akauza shamba, na mwingine akauza. Shule ikafungwa. Sasa ng'ombe wanajipeleka wenyewe kwenye mashine ya kukamua, na mashine inamjua kila mmoja kwa kitu alichovaa shingoni.

Nikakuuliza, "Inawaita majina?"

Ukacheka. "Bibi, wana namba."

Ukasema miaka ijayo mtu mmoja atalima kijiji kizima amekaa jikoni kwake, na simu mkononi. Ulisema kwa furaha. Nikakuuliza, na hao wengine? Wamehamia mjini, ukasema. Nyumba zao zipo, madirisha ni meusi, na theluji ya mlangoni haina nyayo. Usiku ule sikulala vizuri, ila sikukwambia.

Sasa umeandika chini ya video kwamba mzee hana mtoto anayetaka shamba, anakuomba ubaki, na siku moja litakuwa lako. "Bibi, unasemaje?"

Usidhani nachukia mashine. Magoti yangu unayajua. Wangeniletea trekta hilo leo, ningelifuata nyuma nalipigia vigelegele. Na usidhani nawacheka wa huko. Hapa vijana wako kwenye bodaboda Nyamuswa, wengine Musoma mjini. Plau imeshika kutu. Shamba la juu lina magugu yananifika kifuani. Na sisi tunaelekea kwenye madirisha meusi, tena bila hata hilo trekta.

Lakini nikwambie kitu. Shangazi yako anataka kuandika kwamba nimeota. Sikuota. Tangu tuone ile video, mvua ikinyesha asubuhi nasikia mnyororo wa plau. Unakuja taratibu mpaka kwenye kona, kwa babu yako. Hapo unasimama. Nasikia ng'ombe wanapumua. Wanasubiri neno, na hakuna anayelisema. Mimi nasimama mlangoni na mwiko wangu, uji unaungua. Kulisema siwezi. Neno lile ni la Wambura.

Basi jibu langu hili. Ukitaka kubaki, baki. Ardhi ni ardhi, na huyo mzee asiachwe afe peke yake na namba zake. Ila usilime kimya. Wape hao ng'ombe majina, hata kwa lugha yetu, watazoea. Hilo trekta nalo likifika mwisho wa shamba, liambie ligeuke, hata kama linajua. Ukae huko ukiwa na ulimi.

Na kwanza nipigie. Usiandike, piga. Nitaipeleka simu mpaka kwenye kona, niiweke juu ya kaburi, nisogee pembeni. Halafu useme kwa nguvu kama alivyokuwaga anasema yeye, "Rudi, Polisi! Rudi!"

Shangazi yako ameacha kuandika, ananiuliza neno hilo nataka liwafikie ng'ombe au likufikie wewe. Nimemwambia aandike, asiniulize.

Mimi mkeo wa kwanza,
Bibi yako