Maji Niliyoyameza Ziwani

Ibaba, Jumamosi, Juni 1954

Baridi ya leo inauma masikio. Asubuhi majani ya maharage yalikuwa meupe kwa umande ulioganda, na ukungu ulishuka mpaka kizingitini. Sasa ni jioni, nimekaa karibu na moto, watoto wamekula. Mwenye nyumba ametoka kwenda kufunga mbuzi. Mbuzi wenyewe ni wachache, lakini hajarudi.

Nina wivu. Afadhali niliseme hilo mwanzoni, nisije nikalizungukazunguka kama kuku anayetafuta pa kutagia.

Ninayemwonea wivu ni Eliza, mjane wa kaka yake mume wangu. Shemeji alifariki mwaka jana kwa homa, kule kwenye machimbo ya dhahabu upande wa Mkwajuni, akamwacha Eliza bila mtoto. Kwao ni Tunduma, kabila lake Mnamwanga. Mwaka mzima amekaa hapa kwa mama mkwe wetu akiwa na kaniki yake nyeusi ya msiba, nami nilimwonea huruma ya kweli. Juma lililopita kaniki ilivuliwa, na huruma yangu ikaondoka nayo.

Kesho baada ya ibada wazee wa ukoo wanakaa. Watamwuliza mume wangu, Yohana, kama atamrithi mjane wa kaka yake.

Yohana ni mzee wa kanisa. Akichukua mke wa pili atatengwa, hataigusa tena Meza ya Bwana. Kwa hiyo kila mtu ananiambia nisiwe na wasiwasi, Mama Neema, mumeo hawezi kukubali. Sawa. Lakini mimi nilimwuliza kwa mdomo wangu, "Utawajibu nini?" Akaniambia, "Tutaona." Mtu asiyetaka kitu hasemi tutaona. Tena nimezaa wasichana wawili watupu, na mama mkwe hakosi kunikumbusha hilo kila anapopata nafasi, akijifanya anamsifia mtoto wa jirani.

Basi katikati ya hayo yote, leo tumekwenda kutembea.

Bibi wa misheni, yule mzungu anayewafundisha wasichana kushona, alikuwa amemwomba Yohana ampeleke kwenye matanuru ya kale ya kuyeyushia chuma, kisha kwenye ziwa lililo juu yake msituni. Yohana ndiye anayeijua njia, maana babu yake alikuwa fundi mkuu wa matanuru hayo. Mimi nilitakiwa kwenda kwa ajili ya chakula. Nilipomaliza kufunga viazi na magimbi, nikasikia Yohana anaita upande wa nyumba ya mama yake, "Shemeji Eliza, njoo umsaidie dada yako kubeba."

Kikapu kilikuwa kimoja.

Njiani Yohana alitangulia, Bibi akafuata, kisha Eliza, na mimi na kikapu changu nyuma. Tulipofika kijitoni, mawe yalikuwa yanateleza. Yohana alisimama majini akampa mkono Bibi, akavuka. Akampa mkono Eliza, akavuka. Mimi nilikuwa nimekwisha kuvuka kwa juu, palipo na gogo, kikapu kichwani, kwa sababu nimezaliwa milimani humu na miguu yangu haihitaji kuambiwa. Ubaya wa kuwa hodari ni huo, hakuna anayekumbuka kukupa mkono.

Halafu kulikuwa na maswali. Eliza anauliza kama mtoto. Mti huu unaitwaje, shemeji? Chuma walikuwa wanakipata wapi? Babu yako alikuwa mkali? Na Yohana, ambaye nyumbani ukimwuliza chumvi iko wapi anakuonyesha kwa kidevu, alikuwa anajibu kwa sauti ile aliyokuwa nayo zamani alipokuja kwetu kunichumbia. Alisimulia jinsi babu yake alivyomfukuza binamu yake mwenyewe pale tanuruni kwa sababu alikuja amelewa. Hadithi hiyo sijawahi kuisikia, na nimeolewa mpaka mtoto wangu wa kwanza anajua kusoma.

Ni kweli pia kwamba sikuwahi kumwuliza.

Matanuru yenyewe yanasikitisha na yanapendeza. Ni ya udongo, marefu kumpita mtu, mengine yamebomoka na miti imeota ndani yake. Lililobaki zima lina matundu chini pale walipokuwa wanapitisha hewa, na kila unapokanyaga panalia mavi ya chuma, yale makapi meusi yanayobaki chuma kikishatoka. Bibi alizunguka kila upande akipapasa kuta kwa mikono yake. Alifurahi mno. Akatoa mashine yake ya picha.

"Yohana, simama hapo mlangoni," akasema. "Wewe na mkeo."

Akamwonyeshea Eliza kidole.

Nimekuwa nikilirudia jambo hilo kichwani tangu mchana, na nataka kuwa mwenye haki. Yohana alisahihisha. Alicheka, akasema, "Huyu ni shemeji yangu, Bibi. Mke wangu ndiye yule mwenye kikapu." Lakini alisema baada ya mashine kulia. Kabla haijalia walisimama wote wawili, Eliza ameinamisha macho kwa aibu, yeye ameinua kifua kama bwana harusi.

Bibi aliona haya, maskini. Akaniomba radhi na kunisihi nije tupigwe nyingine. Nikamwambia sipendi picha. Huo ni uongo, nimetamani picha tangu siku ya harusi yangu. Nikaenda kukoka moto wa kuchemshia chai, nikavunja kuni nyingi kuliko zilizohitajika.

Tulipokuwa tunakula, Yohana akaeleza desturi. Zamani, kabla tanuru halijawashwa, fundi mkuu alikuwa anawakusanya mafundi wote na wake zao, anapanda nao ziwani. Huko kila mmoja aliulizwa kama ana kinyongo na mwenzake. Aliyenacho alikisema mbele ya watu, kisha akachukua maji ya ziwa mdomoni na kuyapuliza nje, pyuu, kuonyesha kwamba kimetoka. Asiye na kitu alisema sina, naye akapuliza. Mtu akificha, hasa mwanamke aliye na hasira na mumewe, tanuru lingekula mkaa wa siku zote na kutoa mavi ya chuma peke yake.

"Na akiyameza yale maji?" Eliza akauliza.

"Anayemeza amekirudisha tumboni," Yohana akasema. "Hapo ni pabaya kuliko mwanzo."

Desturi ya kupuliza maji siyo ngeni kwetu. Baba yangu alifanya hivyo nilipogombana na dada yangu, na mama alikuwa akituambia, mficha uchi hazai. Lakini sikujua kama ilianzia kwenye moto na chuma, au kama ilifika mpaka huko.

Ziwa liko juu, ndani ya msitu, dogo, maji yake ya kijani yanayoelekea kuwa meusi. Hakuna upepo unaofika pale. Bibi aligeuka kama mtu aliyepata wazo na kusema na sisi tufanye. Yohana akasitasita, akakumbusha kwamba yeye ni mzee wa kanisa. Bibi akamjibu kwamba hata Maandiko yanamtaka mtu apatane na ndugu yake kabla ya kutoa sadaka, basi pana dhambi gani? Akaanza yeye mwenyewe. Akasema, kwa Kiswahili chake cha taratibu, ana kinyongo na dada yake aliyebaki kwao na kuachiwa nyumba ya mama yao, na mpaka leo hajamwandikia kwa moyo mweupe. Akachota maji kwa kiganja, akapuliza. Yalimwagikia kwenye sketi yake na akacheka mpaka machozi.

Nikafuata mimi.

Nilikuwa nacho, Mungu anajua. Nilikuwa na kitu cha kujaza ziwa lile. Nilitaka kusema, Yohana, sema hutaki. Nilitaka kusema, Eliza, ondoka kwangu. Nikawatazama wote, wananingoja, na Yohana ananitazama kwa jicho la mtu anayeomba usimwaibishe mbele ya mgeni. Nikasema, "Sina." Nikachota maji. Yalikuwa ya baridi mpaka meno yaliuma. Nikainama kama ninayepuliza, nikayameza.

Yaliteremka yote. Hakuna aliyeona.

Eliza akaja akasimama mahali pangu. Hakuchota maji kwanza. Alisema, "Mimi ninacho."

Akasema, "Mwaka mzima mmenilisha na kunitunza, sina neno juu ya hilo. Lakini kesho wazee watamwuliza shemeji, mimi hakuna aliyeniuliza. Sitaki kurithiwa. Nataka kurudi Tunduma kwa mama mdogo, anapeleka maharage ng'ambo ya mpaka na kurudi na samaki wakavu, amesema atanifundisha kazi. Nilikuwa nangoja shemeji aseme hapana ili mimi nisionekane sina shukrani. Hakusema." Kisha akanigeukia. "Na wewe, Mama Neema, tangu kaniki ilipovuliwa hunisalimii. Nakuamkia, unajibu ukuta. Limeniuma hilo kuliko msiba."

Akachukua maji akapuliza mbali, yakatua juu ya ziwa.

Niseme ukweli, moyo wangu ulicheza ngoma. Haki ya nani, ulicheza. Kisha aibu ikanishika, kwa sababu yote aliyosema juu yangu ni kweli. Nilimtazama Yohana ili tufurahi pamoja, kwamba mzigo umetuondokea, kesho itakuwa kazi nyepesi, atabaki na kanisa lake.

Uso wake ulikuwa umenywea. Alikuwa kama mtu aliyetembea kutwa nzima kwenda mnadani akakuta watu wamekwisha kutawanyika.

Zamu ikawa yake. Bibi alikuwa anakamua sketi, na Eliza amepiga magoti ananawa uso. Yohana akasema, "Sina." Akachota maji, akayaweka mdomoni, akakaa nayo. Akageuka pembeni, akainama, akatoa sauti ya kupuliza. Lakini mimi nilikuwa nimetoka kufanya hivyo hivyo punde tu. Nilijua pa kutazama. Niliona koo lake likipanda na kushuka.

Naye ameyameza.

Wakati wa kurudi tulipofika kijitoni, Eliza alivuka wa kwanza kwa gogo, akageuka, akaninyooshea mkono. Sikuuhitaji, lakini niliushika. Nikamwambia nisamehe, mdogo wangu. Akasema yamekwisha, dada. Na naamini yamekwisha, kwa upande wake, maana lake alilitoa na maji akayatoa.

Sasa wivu wangu umebaki hauna pa kukaa. Mchana ulikuwa na sura ya mtu, niliweza kuinunia, niliweza kuikatalia salamu. Eliza ataondoka kwa lori la wiki ijayo na vitu vyake, nami mwenyewe nitamfungia viazi vya njiani. Lakini kile alichokimeza mume wangu hakitapanda lori. Kitabaki humu ndani, kitakula ugali wangu, kitalala kati yetu. Ningependa kumchukia kwa hilo, ila na mimi ninacho changu tumboni, cha baridi vilevile, na nilikimeza kabla yake.

Kesho wazee watakaa, watamwuliza, atasema hapana. Watamsifu kwa uthabiti wake. Mama mkwe atalia kidogo. Na mimi nitapiga vigelegele pamoja na wenzangu?

Nasikia mlango wa zizi. Anakuja.

Nimechota maji kwa bakuli, nimeliweka juu ya kigoda kati ya kiti chake na changu. Nitaanza mimi, safari hii kwa sauti, kila neno. Kisha nitampa bakuli, nami nitalitazama koo lake.