Hasi ni ya x Peke Yake

Mueni rafiki yangu,

Nimekukasirikia. Huwa nalia pia, lakini hasira ndiyo inayoniamsha.

Jana nilipata matokeo. Nimepita hesabu, mimi niliyeacha shule kwa kuziogopa. Vipeo ulinifundisha wewe, tukifua nyuma ya nyumba yenu Buruburu, kwa sababu mwalimu wa masomo ya jioni alikuwa ameniacha nyuma. Ukaandika kwenye saruji kwa kidole chenye povu: mbili x, kipeo hasi tatu. Nikaishusha mbili pamoja na x chini ya mstari wa sehemu. Ukafuta.

"Hasi ni ya x peke yake. Mbili imekosa nini? Iache juu."

Kisha ukaniletea theluthi mbili, kipeo hasi mbili. Ukaniambia niipindue sehemu kwanza, tatu juu, mbili chini, halafu kila moja niizidishe kwa yenyewe. Tisa juu ya nne. Nilicheka kama mtoto.

Kumbe siku hiyo mimba ilikuwa imeharibika na ulikuwa ukivuja damu. Mumeo alikuwa amekuambia akisikia tu unaumwa, masomo yameisha. Basi ukanyamaza. Jioni ukaketi kando yangu darasani, ukinakili ubao. Nilipokugusa mkono ulikuwa moto. Ukasema ni jua. Jua gani jioni, Mueni? Mbona hukuniambia hata mimi? Ningekubeba mgongoni hadi hospitali. Walikupeleka ukiwa hujitambui, na hukurudi.

Matangani mumeo aliwaambia watu kwamba hesabu ndizo zilizokuua. Wazee wakatikisa vichwa. Nikasimama.

"Hesabu hazikumuua," nikamwambia. "Alikuogopa wewe."

Tangu hapo amenikataza kukanyaga kwake. Lakini mama mkwe wako humleta Ndinda kwangu Jumamosi, bila kumwambia mwanawe. Binti yako ana kichwa chako. Ana ukimya wako pia, na huo ndio unaonitisha. Juzi alikuja shavu limevimba kwa jino bovu, akasema ni sawa tu. Nilimfokea mpaka akalia, kisha nikamshika mkono tukaenda kwa daktari.

Kwaheri, Mueni. Sijakusamehe bado, na mumeo ndiye sijamsamehe kabisa. Ila Ndinda nitamfundisha vipeo, na kabla ya vipeo nitamfundisha kusema anaumwa, kwa sauti, hata baba yake akiwa amekaa mlangoni.

Ni mimi,
Auma