Macho ya Maria Uliyemwacha Benchini

Dada Dorothée,

Ni mwaka mzima sasa tangu patasi ndogo ilipokuchoma kiganjani, ukasema, "Ni mukwaruzo tu, muniache nifanye kazi." Siku nane baadaye pepopunda ilikuwa imelifunga taya lako, na wewe uliyekuwa na jibu kwa kila mtu, toka Baraka mpaka Fizi, ukanyamaza. Ilikuwa tarehe 9 Agosti 1956. Leo tunakuandikia ukumbusho huu, na bado tunaogopa.

Ulichonga watakatifu miaka kumi na tisa. Padri wa kwanza alicheka: mwanamke na tezo! Ukamchongea Yosefu mwenye mikono ya seremala wa kweli, kucha moja imepondwa na nyundo. Hakucheka tena.

Mpishi hukuwa, tuseme ukweli. Unga wa mbao uliingia kwenye bugali kila siku; nyumba hii imekula vumbi la watakatifu wote. Lakini hakuna aliyefika mlangoni akaondoka na njaa. Hata Kassimu, Mwislamu mwenye mtumbwi aliyekuletea magogo toka Kazimia, alisimama nje akikupa mgongo, asizione sanamu.

"Mama Dorothée, mi naleta muti tu. Ukishaiwekea pua, mi sioni kitu."

"Leo ingali gogo, Kassimu. Ingia, kunywa chai."

Akaingia, akanywa vikombe vitatu.

Macho uliyakata mwisho siku zote, sanamu ikiwa imesimama na mtu wa nyumbani amesimama mbele yake, ili mtakatifu aanze kwa kumwona mtu anayependwa. Rangi hukuitaka. Ulisema, "Macho ya rangi ikinyeshewa inalia nyeusi."

Basi ukatuachia Maria asiye na macho. Siku ya kilio alikuwa amelala kwenye benchi la kazi, tumemfunika shuka kwa sababu ya vumbi. Bamama waliotoka Fizi wakakosea chumba. Wakakaa kitako kando yake, wakamlilia karibu saa nzima wakidhani ni wewe, mpaka mmoja akamshika mguu akakuta ni mti. Wewe ungecheka mpaka ushike ukuta. Sisi hatukuweza. Tangu siku ile watu wanasema umeingia ndani ya Maria, na kwamba atakayemfungua macho atakuona. Na mimi Marthe, mdogo wako, niliyemzika mume na kuuza samaki wadogo wa ndagala juani bila kumwogopa mtu, nilimgeuza Maria uso ukutani, nikamwomba radhi.

Mwezi uliopita akaja Nicolas, katekista.

"Mama Marthe, sikukuu ya Maria Kupalizwa Mbinguni iko karibu. Mutupe Maria vile iko, tutamupaka macho."

"Na mukono gani, Nicolas? Ule ulipaka mabenchi ya kanisa, tukatoka misa wote na migongo ya bluu?"

Akacheka, akaenda. Nikabaki na hofu yangu. Hakuna chombo kingine kinachoingia kwenye jicho ila patasi ile ile iliyokuua, na kwa mwaka mzima hakuna aliyethubutu kuigusa.

Lakini Maria wa rangi usingemtaka; niliichemsha mara tatu kama kuku mzee, nikaishika mwenyewe. Suzanne, binti yako, akasimama mbele ya Maria na mtoto mgongoni. Jicho la kuume likatoka vizuri. Kwenye la kushoto patasi ikateleza. Maria hakuumia. Kiliumia kidole gumba changu. Nikakifunga kitambaa, nikamaliza.

"Mama mudogo, ni mama anatuangalia?"

Nilitazama kwa muda mrefu, dada. Nilikutafuta.

"Hapana, mwanangu. Ni Maria tu."

Suzanne akalia kuliko alivyolia siku ya maziko.

Leo ni siku ya sita tangu nijikate. Mimi sikuficha jeraha kama wewe. Nilikwenda dispensari mchana ule ule. Masista wamenipiga sindano, wanasema tungoje. Kila asubuhi Suzanne ananishika kidevu.

"Mama mudogo, fungua kinywa."

Nafungua.

"Zaidi."

"We mutoto, kama unatafuta meno, ilishaisha zamani!"

Anacheka, lakini kidevu hakiachii. Asubuhi hii kinywa kilifunguka, ila taya lilikuwa zito kidogo. Labda nililala vibaya. Sikumwambia; atalijua neno hilo kwenye ukumbusho huu, pamoja nanyi mnaousoma.

Alhamisi ijayo Maria atabebwa kwenda kanisani. Nataka kumfuata kwa miguu yangu, nikiimba. Dada, kama huko uliko unamwona Maria mwenyewe, mwambie macho yake ya hapa Baraka nimeyakata mimi, Marthe. Anitazame siku mbili hizi zilizobaki kufika ya nane.

Wanaokukumbuka: Marthe, mdogo wako; Suzanne, binti yako, na Eugène, mume wake; mtoto wao, mjukuu wako, ambaye tumempa jina lako; Kassimu na watu wa nyumbani kwake; na Wakristo wote wanaopiga magoti mbele ya kazi ya mikono yako.

Tutakukumbuka siku zote, kadiri vinywa vyetu vitakavyofunguka kulitaja jina lako.