Waliotupwa Nje ya Seva

Kolwezi, Manika

Tata yangu Mulumba,

Nawasalimu: moyo wenu ninyi wote wa nyumbani. Goti linaendeleaje? Mama aliniambia kwenye simu kwamba sasa unafika kanisani bila fimbo, nikafurahi sana. Sisi huku, mimi na Mama Mdogo Laurentine, ni wazima, ila umeme unakatika ovyo na mimi nimechoka kwa hasira. Utasikia kwa nini.

Unaikumbuka ile seva ya mchezo niliyofungua na mchumba wangu Kisimba, dukani petu pa intaneti. Watu wanaingia kwa simu zao, wanajenga nyumba, wanalima, wanauziana, kila mmoja kwa jina lake la kweli. Mchezo una programu ndogo za nyongeza, zinaitwa plugin: moja inalinda viwanja, nyingine inaendesha soko. Zote zinategemea faili moja, bibliothèque. Peke yake haifanyi lolote, lakini zote zinachota humo. Ikiguswa hiyo, zote zinabadilika.

Baada ya Pasaka wachezaji wakaanza kutupwa nje. Wa kwanza alikuwa Tshilombo, fundi wa kuchomelea, aliyejenga daraja zuri kuliko yote mchezoni. Akija kulalamika, namwambia ni mtandao. Anaingia, anatupwa tena. Nilifuta plugin, nikazipakua upya, nikawaandikia waliozitengeneza maneno makali. Bure! Kisimba alikuwa ananitazama tu, akisema nisijisumbue, mbona wengine wanacheza.

Juzi Tshilombo alisimama mlangoni, akakataa kiti. “Mianda,” akasema, “haukuona ni banani banatoshwa? Ni mi, Mbuyi na Kanyinda. Mwenze yeye anacheza.”

Sikuwa nimeona ni akina nani wanaotolewa, Tata. Nilikuwa nazitazama programu, siyo majina: hao watatu wana majina ya Kasai kama sisi, Mwenze ana jina la hapa.

Nikamfuata Kisimba, nikamuuliza kama ameigusa bibliothèque. Wala hakukana. Alisema tangu bei ya kobalti ianguke vijana wa hapa hawana kazi, na hata ndani ya mchezo watu wa Kasai wameshika soko lote. Alikuwa ameongeza mistari michache humo, ya kuwatupa nje wenye majina ya Kasai, na plugin zote zikatii. Nikamkumbusha kwamba mimi ni binti wa Mulumba, wa Kasai kama wao. Akacheka.

“Weye nilikuacha ndani,” akasema. “Weye hauko kama bale.”

Nilirudisha faili ya zamani. Lakini kompyuta ni zake, na asubuhi nilikuta amebadilisha kufuli la duka. Seva imezimwa. Daraja la Tshilombo halipo tena, na kazi yangu haipo.

Sasa nikuambie lile ninaloogopa kukuambia. Pete nimemrudishia. Harusi haipo. Najua ulikuwa umekubali kuja, wewe uliyeapa kutokanyaga tena Kolwezi tangu walipowafukuza watu wa Kasai, mkalala pa gare, kituoni, na vyombo vyenu, mkingoja treni ya kuwapeleka “kwenu”, mahali ambapo hukuwahi kupaona. Najua ulikubali kwa ajili yangu tu.

Wazee wake wamekwisha kuja kwa Mama Mdogo, na wewe watakupigia simu. Watasema ni mchezo wa watoto, hakuna aliyeumia. Nakuomba, Tata, usiwe mpole kwa ajili yangu. Waeleze ilianzaje mara ile, kabla ya kufikia treni.

Mama mkumbatie kwa niaba yangu, na mdogo wangu Mujinga mwambie asome. Mama Mdogo anawasalimu. Mungu alinde nyumba yenu.

Mtoto wako,
Mianda