Viazi vya Chumba Namba Sita

Machi 3

Dada yangu,

Hujambo wewe, na cherehani yako haijambo? Mimi mzima wa mwili. Moyo ndio unaoruka kila mlango ukigongwa. Nimepata chumba ghorofani, namba sita. Mwenye nyumba, mama mmoja mfuga paka, hataki moto vyumbani, kaniachia maikrowevu tu. Mikate imenichosha. Vile viazi vyako vya kujaza, humu vinapikwaje? Niandikie. Laini ya simu niliitupa, yule bwana asinipate.

Mdogo wako

Machi 9

Mdogo wangu,

Sijambo, ila raha sina. Mumeo anakuja dukani kila siku, eti nimpunguzie suruali. Anakaa tu, ananitazama nikishona.

Haya, sikiliza. Osha kiazi kikubwa na ganda lake, kitoboe kwa uma pande zote, la sivyo kitakupasukia humo ndani. Dakika tano, kigeuze, tano tena. Kikate kati, chota kiini ukiponde na siagi, chumvi, jibini na kitunguu, ukirudishe gandani, dakika mbili nyingine. Ule ushibe, najua umekonda kama sindano.

Dada yako

Machi 10

Mdogo wangu,

Salamu baadaye. Jana niliacha bahasha yako mezani nikatoka kupokea vitambaa. Kurudi, nikamkuta mumeo ameishika. Akasema, "Namba sita, ee?" Akaondoka, hata suruali hakuchukua. Nami mjinga nilikuwa nimeshapeleka ile barua ya viazi posta ndipo akili ikanijia. Hama leo! Nisamehe.

Dada yako

Machi 15

Dada yangu mpenzi,

Mimi mzima, usilie. Barua yako ya onyo nimeletewa leo. Yeye alifika juzi, mchana kweupe.

Kiazi kinazunguka, nikasikia viatu vyake kwenye ngazi. Akagonga polepole. "Mke wangu, fungua tuzungumze." Dada, ile mashine ikimaliza inalia kengele, hata jirani wa tatu anajua umepika! Nikatambaa, nikachomoa waya zikiwa zimebaki sekunde tatu. Namsikia anapumua mlangoni.

Mara mama mfuga paka akapayuka kutoka chini: "We baba, wa namba sita kahama jana!"

Akashuka, ngazi moja moja. Aliamini? Sijui. Jioni ile ile mama yule akanihamishia kwa ndugu yake. Huku napo usingizi wa mang'amung'amu.

Anwani sikupi. Mwambie mama nipo hai. Yule bwana akija tena kukuuliza nilipo, sema hujui. Safari hii hutakuwa unadanganya.

Mdogo wako