Ukoko wa Arobaini

Ijumaa, 4 Julai

Samaki wamekula. Konzi moja ya pumba, kama kawaida. Wako kumi na mmoja, perege watupu, kwenye tangi la saruji alilojenga Athumani nyuma ya jiko. Hapa Ufukoni watu wanavua baharini, mume wangu akaamua kufuga samaki uani. Walimcheka sana. Akacheka nao, akaendelea kujenga.

Mkubwa wao alimpa jina la Bwana Shauri, maana huzunguka tangi zima kama anakagua. Kila asubuhi anakuja juu, anamtafuta. Namwambia mwenyewe hayupo. Leo siku ya thelathini na tisa tangu afariki.

Mimi nimo ndani ya eda, sitoki. Nina samaki na nina kuta. Hawa ndio alioniachia. Wasife, basi. Sina ombi jingine.

Jumamosi, 5 Julai

Arobaini imepita. Khitma imesomwa, pilau imeliwa, masufuria ya kuazima yamesuguliwa. Mwanangu Nuru alikuja kutoka Masasi, akarudi leo leo kwa sababu ya kazi. Tulisalimiana tu. Tangu hospitali hatujazungumza vizuri, mimi na yeye.

Ukoko ulibaki sinia mbili, umelowa mafuta. Chakula cha khitma hakitupwi jalalani, nimelelewa hivyo kwetu Mikindani. Kuku sina. Nikaubomoabomoa, nikawamwagia samaki wote. Nikawaambia kuleni, nanyi mmefiwa. Walivyougombania nikacheka. Kicheko changu cha kwanza tangu azikwe.

Jumapili, 6 Julai

Nimechoka. Baridi, upepo unaingia mpaka jikoni. Maji ya tangi yana utando juu. Sikushughulika nayo.

Jumatatu, 7 Julai

Wawili wamekufa. Watatu wanaelea ubavu. Bwana Shauri kichwa chini, mkia juu. Akijitahidi kuzama anarudishwa juu kama boya. Anapiga mapezi mpaka anachoka, anatulia, anaanza tena. Nimelia mbele ya samaki, mtu mzima mimi.

Nikamkumbuka jirani yangu Bi Zainabu, alivyosimama pale Jumamosi akiwahesabu kwa kidole, bila hata kusema mashaallah. Kijicho. Nimefukiza ubani kuzunguka tangi. Alipopiga hodi na bakuli la kisamvu nilipokea, nikamjibu kwa mkato. Hakukaa.

Jioni: ubani haujasaidia kitu. Kisamvu kilikuwa kitamu, na hilo nalo limeniudhi.

Jumanne, 8 Julai

Nimempigia mtaalamu wa samaki. Namba yake Athumani aliiandika ukutani kwa mkaa. Amekuja, binti mdogo mwenye mabuti ya mvua. Akauliza wamekula nini. Nikasema pumba. Nimedanganya bila kupepesa macho. Akazamisha mkono, akatoa punje za wali, akanusa vidole. Hakunigombeza. Heri angenigombeza.

Ikabidi niseme. Akanieleza taratibu. Samaki ana kifuko cha hewa ndani, ndicho kinachomfanya akae majini bila kuzama wala kuelea. Tumbo likijaa kupita kiasi linakibana, basi hajimudu tena. Na baridi hii chakula hakisagiki upesi. Mafuta nayo yamefunika maji, hewa haba. Alisema si kila anayeelea kavimbiwa, wengine ni jeraha, wengine ni vijidudu, lakini hawa wangu sababu yao tumeishika mkononi.

Dawa: wagonjwa watengwe kwenye beseni, maji kidogo, pasipo upepo. Maji ya tangi yapunguzwe kidogo kidogo kila siku na kuongezwa mengine. Ya bomba yalale kwanza kwenye pipa, yaishe dawa. Yule anayeelea, mgongo ulio nje ya maji ufunikwe kitambaa kibichi usikauke. Na wote wafunge siku tatu. Baadaye mchicha uliochemshwa ukalainika, kiasi cha kucha.

Mlangoni aligeuka akasema, "Mama, atakufungulia mdomo. Usimpe. Huruma ndiyo itakayommaliza."



Jumatano, 9 Julai

Mmoja wa wale watatu amekufa. Bwana Shauri yuko kwenye beseni la kufulia, amefunikwa kipande cha kanga yangu. Nimemshika wima kwa viganja mpaka mikono ikafa ganzi. Nikimwachia analala ubavu.

Niandike, maana hakuna mwingine wa kumwambia. Daktari alikataza Athumani asipewe kitu mdomoni. Alisema utumbo umeziba. Nuru alilinda amri ile kama askari. Baba yake alimwomba uji, akamkatalia, akamwomba tena, akamkatalia huku analia. Nuru alipotoka kwenda kuswali nikampa mimi. Vijiko sita. Siku ya pili yake akafa.

Nilimuua au sikumuua? Sijamuuliza mtu. Naogopa jibu.

Alhamisi, 10 Julai

Amefungua mdomo. Kila nikiinama juu ya beseni, anafungua. Sikumpa. Nimempa kisogo, nikaenda kupepeta mchele ambao hauna hata chuya.

Nimemrudishia Bi Zainabu bakuli lake juu ya ukuta, nikamwambia ukweli kuhusu ukoko, na ubani pia. Alicheka mpaka akashika kiuno. Akasema yeye aliwahesabu ili ajue kama kitoweo kingetosha nyumba mbili. Kisha akaniuliza kama nalala. Silali.

Ijumaa, 11 Julai

Wale wawili wamesimama sawa. Nimewarudisha tangini, wamekula mchicha.

Bwana Shauri amekufa kabla ya adhuhuri. Nilifanya kila nilichoambiwa. Sikumpa hata punje. Amekufa anafungua mdomo, nami nimekaa namtazama.

Nimemzika chini ya mpapai. Hasira. Namkasirikia Athumani kwa kufa, namkasirikia daktari, najikasirikia mimi kwa uji na kwa ukoko. Na leo najikasirikia kwa kutokumpa samaki kitu. Ukitoa unaua, ukinyima unaua. Sasa mtu afanyeje?

Jumapili, 13 Julai

Nimempigia Nuru. Nilitaka kumwambia habari za samaki tu. Nikajikuta nimesema yote, uji, kijiko kwa kijiko. Nikangoja anikatie simu.

Hakukata. Kisha akauliza, "Alikula, mama?"

Nikasema alikula. Vijiko sita, na sukari kidogo, akasema ahsante.

Akaanza kulia. Akasema alhamdulillahi. Akasema kila usiku, tangu msiba, anamwona baba yake anamwomba uji, na yeye anamkatalia. Amekuwa akidhani alikufa na njaa. Akasema daktari alimwambia yeye kando, siku ya kwanza, kwamba baba hatapona, na hakuwa na moyo wa kuniambia.

 Atakuja Ijumaa, atalala.

Wamebaki saba. Maji yameanza kuwa meupe, naona mpaka chini. Nimewapa mchicha, kidogo, nikafunika sufuria.