Mngurumo wa Tatu

Šumava, Novemba 1959

Dada Bohdana mpendwa,

Pokea salamu zangu nyingi, nikiomba zikukute mzima huko Ostrava, na shemeji kifua kimempoa. Sisi tu wazima kwa kadiri ya wafiwa. Mama anakula kidogo, na tangu mazishi amesema mara moja tu.

Barua yako niliisoma nikalia. Unasema tangu tumzike Baba sauti yake imekutoka masikioni, na picha ya ukutani haina la kukuambia. Dada, nisikilize.

Mwaka jana watu wa sinema walikuja kutoka Praha kupiga filamu fupi ya msitu wetu, isiyo na maneno, ila muziki na wanyama tu. Baba, mlinzi wa msitu, ndiye aliyewaongoza. Ayala dume, yule paa mkubwa mwenye pembe za matawi, walimpiga picha vizuri, lakini kila walipowasha mashine ya kunasa sauti, mnyama alinyamaza kana kwamba anawatania. Bwana Hruška, mtunzi wa muziki, alikata tamaa, maana muziki wake wote ulisimama juu ya mngurumo wa ayala. Hatimaye wakaupata, wakaenda zao.

Juzi filamu ilionyeshwa hapa kijijini. Wawindaji walijaa. Ayala aliponguruma, mzee Vondra akaapa kwamba anamjua, ni yule wa bonde la juu. Jirani yake akamrukia: “We nawe! Yule si tulishamla?” Wakabishana mpaka wakakemewa.

Ndipo Mama akasimama gizani, akasema kwa sauti: “We baba Bohdana, funga skafu shingoni, utakohoa tena!” Watu wakamhurumia, wakidhani huzuni imemzidi hata anaongea na marehemu.

Haijamzidi. Aliyenguruma si ayala. Ni Baba, na ile pembe ya ng'ombe aliyokuwa akiwaitia madume msimu wa kupandana. Alituapisha, mimi na Hruška, tusiseme, maana wawindaji wenzake wangemcheka mpaka kaburini. Mama hakuambiwa na mtu. Kiapo nakivunja kwako peke yako.

Filamu itafika Ostrava wiki ijayo. Nenda, dada, hata kama shemeji atanuna. Baada ya mngurumo wa tatu fidla zote zinanyamaza, na utasikia mtu akivuta pumzi ndefu. Hruška alikataa kuiondoa kwenye filamu. Pumzi hiyo haikupita kwenye pembe; ni ya Baba mwenyewe.

Wabusu watoto, na Mama anakukumbatia.

Mdogo wako akupendaye,
Vavřinec